Kitabu Kilichovikwa Bafta

Katika nyumba ya Bi Hindu wa Siyu hakuna kitabu kilichopata kulala uchi. Ndivyo alivyofunzwa tangu utoto wake: maneno yana heshima yake, na kitabu, kiwe cha dini au cha dunia, hakishikwi kama kipande cha muhogo. Basi kila kitabu kilichovuka kizingiti chake alikipima kwa shibiri, akakikatia kipande cha bafta, kitambaa cheupe kilichobaki kwenye kazi yake ya kushona kofia, akakishonea vazi la kukaa sawasawa, mgongo na pande zote mbili. Kofia zake zilivaliwa na maharusi kisiwa kizima. Vazi la kitabu, ambalo halikuwa na mnunuzi, alilishona kwa sindano ileile na kwa subira ileile.

Mumewe, Bwana Abdulwahid, Mungu amrehemu, alikuwa mkulima. Umri wake aliumalizia kondeni akiwinga ndege wasiule mtama, akiwatupia mawe na maneno yasiyofaa. Maradhi yalipomlaza, ndege walewale wakamrudia moyoni. Alitaka kujua wanaitwaje. Kabla miguu haijamkataa kabisa alipanda bodaboda mpaka maktaba ya Chundwa, akaja na kitabu kinene cha picha za ndege. Mkewe akakivika bafta siku hiyohiyo. Ikawa kila jioni Bi Hindu anamfunulia kurasa, naye amelala ubavu anawaelekeza kidole na kucheka: huyu nilimlaani bure, huyu namwomba radhi, huyu hapana, huyu alistahili.

Zamani maktaba ile ilikuwa mikononi mwa Bi Ruwaida, aliyeandika jina la mtu kwa kalamu na kupokea kitabu kwa mikono miwili. Mavazi ya Bi Hindu aliyapenda, akiviacha vitabu vikae nayo rafuni. Kisha mradi ulioijenga maktaba ukaleta mashine, Bi Ruwaida akaambiwa akapumzike, akaletwa kijana wa bara aitwaye Jabez kuikalia. Mashine ilikuwa kama kabati lenye mdomo. Ukiigusisha kadi yako, mdomo unafunguka, unatia kitabu, jicho jekundu linasoma kibandiko cha mistari kilicho nyuma ya jalada, kitabu kinaporomoka sandukuni, na karatasi ya kukushukuru inatoka. Mtu hahitaji kusema na mtu.

Siku zilipomwelemea, Bwana Abdulwahid akaanza kurudisha vya watu. Jembe la jirani likaenda. Mtu mmoja ambaye Bwana Abdulwahid aliwahi kumpigia punda wake akaitwa, akaombwa radhi. Alijua kwamba jeneza likiwekwa chini nduguye atauliza mbele ya watu nani anamdai marehemu, naye alitaka pawe kimya.

"Hindu," akasema, "karejeshe chuo cha watu. Sitaki kufa na amana mkononi."

Chuo, kwa watu wa Siyu wa rika lake, ndicho kitabu.

Bi Hindu akaenda Chundwa. Akamkuta Jabez ameondoka kwenda kula. Akaigusisha kadi ya mumewe, mdomo ukafunguka, akakitia kitabu na vazi lake, kikaporomoka. Maneno mekundu ya Kizungu yakawaka kwenye kioo, yakazimika. Kizungu hakukisoma. Karatasi haikutoka, naye akadhani imekwisha, kama inavyokwisha madukani. Wala hakujua kwamba kile kibandiko kilikuwa ndani ya bafta, kimefunikwa kwa adabu kabisa, na jicho lile halikuona kitu ila weupe.

Aliporudi na kusema tayari, mumewe aliushika mkono wake akauweka kifuani. Usiku ule alilala kama mtu asiyeumwa.

Baada ya hapo simu ya mgonjwa ikaanza kulia kila alasiri. Bi Hindu alisoma ujumbe wa kwanza. Ulisema kitabu hakijarudi. Ili asimtie mumewe wasiwasi, akaifunga simu kwenye leso, akaitumbukiza chini ya kikapu cha kofia. Ujumbe ukaja tena, akausoma, akaificha tena. Mwisho akajifunga buibui akarudi Chundwa.

"Mwanangu, nimekuja kwa ajili ya chuo," akamwambia Jabez.

"Chuo hakuna huku, mama. Kaulize Lamu mjini."

Vijana wawili waliokaa kwenye benchi wakacheka. Bi Hindu akaeleza upya, safari hii akitumia neno kitabu. Jabez akabonyeza, akatazama kioo.

"Mashine inasema bado mnacho."

"Kimo humo sandukuni. Fungua utakiona, kimevaa nguo nyeupe."

"Kimevaa?" Vijana wakaangua kicheko, na Jabez mwenyewe akatabasamu. "Mama, hili sanduku hufunguliwa na fundi wa mradi, na fundi yuko mbali. Rudi ukatazame chini ya kitanda. Nyinyi wazee mnaficha vitu halafu mnasahau."

Hakugombana. Akamwomba basi ampigie mgonjwa simu, amwambie tu kwamba mkewe alikuja. Jabez akajibu kwa upole kwamba hawezi kusema ambalo mashine haijalisema.

Nyumbani akamkuta shemeji yake, Bwana Muhdhar, ameketi ukingoni mwa kitanda. Huyu tangu mwanzo hakupenda nduguye akae na mwanamke asiyemzalia, na miaka yote hiyo haikumpunguzia. Mkononi alikuwa na simu, na leso imeanguka miguuni pake. Ilikuwa imelia chini ya kikapu, naye akaifuata sauti.

"Abdulwahid, kitabu chako bado hakijarudi," akawa anasoma, taratibu, kama anayemsomea mtoto. "Tafadhali kirudishe. Tunakuthamini." Akainua uso. "Jumbe ziko nyingi, na zote zimeshafunguliwa. Nani alizifungua, shemeji? Panya?"

Bi Hindu akaeleza yote: kioo, karatasi isiyotoka, Jabez, sanduku. Kadiri alivyoeleza ndivyo maneno yalivyozidi kufanana na uongo, mwenyewe akayasikia. Muhdhar akauliza kwa utulivu kitabu kile kinene kimemfaa nini, au kimempendeza tu, maana kweli kilikuwa kizuri.

Mgonjwa akanyanyua kichwa. "Hindu. Apa."

Katika maisha yake Bi Hindu hakuwahi kuapa. Jina la Mungu aliliogopa, na hata sokoni, mtu akimbishia bei, alinyamaza. Siku hiyo akaapa. Akasema wallahi amekirejesha kwa mkono wake.

Hakuwahi kufunga kinywa, simu ikalia. Muhdhar akausoma ujumbe mpya, neno kwa neno, mpaka pale pa kuthaminiwa.

Bwana Abdulwahid akamtazama mkewe kwa mato yaliyokwisha kuzama ndani. "Usiape tena," akasema. "Wewe wanongezea mzigo." Akageukia ukutani.

Hakusema naye tena. Maji aliyapokea kwa mkono wa nduguye. Akimletea yeye, alifumba midomo. Hivyo ndivyo alivyokwenda, uso ukiwa ukutani, na Bi Hindu yuko mlangoni ameshika kikombe.

Siku ya maziko wanawake walikuwa ndani na wanaume barazani. Sauti ya Muhdhar iliingia dirishani safi kabisa.

"Aliyekuwa akimdai marehemu anijie mimi. Isipokuwa kitabu cha maktaba. Hicho aulizwe mjane wake."

Mwanamke aliyekaa ubavuni mwa Bi Hindu akavuta goti lake, lisigusane na la mfiwa.

Akakaa eda ndani, kama sheria inavyotaka, hatoki. Simu aliichukua Muhdhar pamoja na vitu vingine vya nduguye. Waliompa bafta awashonee kofia walikuja mmoja mmoja kuichukua, wengine kofia ikiwa nusu, wakisema harusi imeahirishwa. Watoto wakipita nyuma ya ukuta walilia kama simu inavyolia, halafu wakakimbia. Yeye alisali, akamwombea maiti wake, na kila alasiri aliposikia wale watoto alijikuta anatazama kikapu.

Eda ilipokwisha, ndia yake ya kwanza ilikuwa ya Chundwa. Hakuhitaji kuuliza. Kitabu cha ndege kilikuwa rafuni, uchi, kimewekwa mbele kwa kuwa picha zake zinavutia.

"Ah, hicho?" Jabez akasema. "Kilipatikana zamani, wiki ileile mliyozika. Mkubwa mmoja alidondosha simu yake mle mdomoni, ikabidi tufungue sanduku."

"Fundi alikuja?"

"Hapana, ufunguo upo hapa kwenye droo. Lakini huo ni wa dharura, mama."

Bi Hindu akauliza kwa nini hakuna aliyeletewa habari. Jabez akamhakikishia kwamba habari ilikwenda palepale: mashine ilimtumia mwenye kadi ujumbe wa kumshukuru, ikamkaribisha kuazima kingine.

"Mwenye kadi amekufa."

"Najua, pole sana. Mashine haina taarifa hiyo." Huku akisema alichukua kitambaa kilichokuwa juu ya kabati, akapangusa kile kioo chenye jicho jekundu. Kitambaa kilikuwa cheusi kwa vumbi, lakini Bi Hindu aliutambua mshono wake mwenyewe.

Alipofika Siyu alikwenda moja kwa moja kwa Muhdhar, akasimama nje ya mlango. Akamwomba atazame simu ya marehemu, mna ujumbe. Simu ilikuwa kwenye mfuko wa shati lake, inaonekana. Hakuitoa.

"Hakuna ujumbe uliokuja," Muhdhar akasema, akimtazama usoni bila kupepesa. "Ukija, nitautangaza mwenyewe msikitini."

Bi Hindu akaelewa kwamba umesomwa, na umefutwa.

Jirani yake alikuwa Asmaa, na huyo ndiye aliyebaki akimjibu salamu. Bi Hindu akamweleza kwamba kitabu kiko rafuni, kila mtu aende akakione. Asmaa akamsikiliza mpaka mwisho, akashusha pumzi kwa furaha ya kweli.

"Alhamdulillahi, Bi Hindu," akasema. "Umefanya vyema kukirudisha."

Kabla ya magharibi habari ilishaenea kwamba mjane amemaliza eda tu akakimbia kukitia kitabu rafuni, na walioshuku wakawa wamepata uhakika.

Kesho yake Bi Hindu alitaka kupika wali wa nazi awalishe watoto wa madrasa wamsomee marehemu dua. Mbuzi yake ya kukunia ilikuwa imevunjika mguu. Akatoka na nazi mkononi akabisha kwa Asmaa aazime yake, kama walivyokuwa wakibishiana hodi tangu ujana wao, kuazimana kinu, ungo, sindano.

Asmaa akatokeza uso. Akatazama nazi, akatazama nyuma yake ndani, mbuzi ilipokuwa imeegemea ukuta.

"Nipe nazi," akasema kwa upole. "Nitakukunia mimi, hapahapa."

Bi Hindu akaipitisha nazi juu ya nusu mlango, akasimama barazani akisubiri.