Barua Iliyonipotezea Kisima

Kosa ni langu, na sitafuti wa kunisaidia kulibeba. Kesi ya kisima niliipoteza kwa mkono wangu mwenyewe, na mwandiko ulikuwa mzuri.

Mimi ni mtu wa kukaa nyumbani. Nikitoka shambani kwangu nje ya Kitale nikafika lami, tayari nimesafiri. Basi mwishoni mwa miaka ya themanini jirani akadai ati mpaka wetu unapita huku kwangu, na kisima cha mama watoto kiko upande wake. Tukaenda kortini. Miaka minne kesi inaahirishwa. Leo wakili wake ni mgonjwa, siku nyingine hakimu amepewa uhamisho. Na kila mara mimi nimeshavaa viatu.

Miaka hiyo yote tulichota maji. Hilo sikulitia maanani.

Nikaandikia Mahakama Kuu. Nilifika kidato cha nne, na insha ndiyo ilikuwa silaha yangu. Niliomba kesi isikizwe upesi "na isiahirishwe tena kwa sababu yoyote ile."

Nilipomsomea mke wangu, akauliza, "Baba Nekesa, hiyo 'yoyote ile' ni ya nini?"

"Ni ya kukaza."

Ikakaza. Amri ikaja: isikizwe Agosti.

Shahidi wangu alikuwa amebaki mmoja, mjomba wa Bumula, aliyeshika kamba baba alipopimiwa shamba. Mjomba ni mtahiri, na mwaka ule ulikuwa wa tohara. Kwetu mtahiri akishika kisu Agosti, hakiweki chini mpaka vijana waishe. Mimi mwenyewe nilipita mkononi mwake, nikasahau.

Nilimpata kwenye boma la watu, ananoa.

"Mjomba, nakuomba siku moja tu."

"Vijana kumi na mmoja wanatoka mtoni siku hiyo, wamepakwa matope, wanakuja kwa kisu changu. Niwaambie wasimame na matope yao, wangoje kisima chako? Si ungeomba Septemba, bana. Ama shule yako haikuwa na kalenda?"

Kortini nikaomba tuahirishe. Hakimu akafungua faili, akanisomea barua yangu pole pole mpaka kwenye "yoyote ile."

"Huu si mwandiko wako?"

Nikasema ni wangu.

Jirani alikuja na mashahidi watatu. Kufika saa sita, kisima kilikuwa chake. Mke wangu alikwenda kisimani. Alifungua kamba ya ndoo, akaja nayo nyumbani, akaitundika ukutani. Iko hapo mpaka leo.

Septemba mjomba alifika amevaa koti, tayari kutoa ushahidi.

Siku hizi mtoni naenda mimi, asubuhi na jioni. Nikichelewa kutoka, nasikia sauti jikoni: "Baba Nekesa, hiyo safari isiahirishwe kwa sababu yoyote ile."

Ndugu msomaji, kama kesi yako imelala na bado unachota maji, iache ilale. Ikibidi uiamshe, kwanza muulize shahidi wako Agosti atakuwa wapi.