Nilipoosha Visahani vya Hamira

Mnisamehe mwandiko. Mkono wangu ni mzito, shule niliishia darasa la nane, na herufi nyingine huenda zimekaa vibaya. Mimi bado ni kijana, lakini kazi yangu imeshaisha, kwa hivyo naisimulia kama wazee wanavyosimulia zao.

Siku ya kwanza nilitembea kutoka mtaani kwetu Lindi hadi mtaa wa Kawangware. Maabara ilikuwa ghorofani, juu ya duka la nafaka. Fundi wa Maabara, mama wa Kitui mwenye sauti kubwa, alinipa koti jeupe lililonifika miguuni.

"Wewe huongei? Sawa. Hamira pia haiongei, mtaelewana."

Kazi yangu ilikuwa kuosha visahani vya kuoteshea hamira, kisha kuvipika kwenye mtungi wa mvuke unaoua vijidudu. Nikivitoa mapema, ukungu huota na jaribio lote hutupwa.

Hamira yenyewe ilitoka kwenye busaa, pombe ya nafaka. Kwanza watafiti walisoma jenomu yake, yaani maagizo yote ya urithi yaliyomo ndani yake, herufi kwa herufi. Halafu wakataka kujua kila agizo, ambalo huitwa jeni, linafanya nini. Walikuwa wakitoa jeni moja, wanaiotesha hamira hiyo, wanatazama imeshindwa wapi.

Nilipomweleza Mama nyumbani, alicheka hadi akaweka mwiko chini.

"Yaani kujua kazi ya mtu mnamfukuza?"

"Ndiyo, Mama."

"Na wewe wakikutoa, nini itaharibika?"

Nilienda na swali hilo kazini kila asubuhi, na likanichosha kuliko visahani.

Siku moja Mkuu wa Maabara alikuwa akilinganisha visahani viwili. Kimoja kilikuwa cha hamira kamili, kingine cha hamira iliyotolewa jeni. Vyote vilijaa madoa meupe sawasawa. Nikajikaza.

"Daktari, hiyo jeni haina kazi?"

Hakugeuka. "Ziko nyingi hivyo. Unaitoa, huoni kitu."

"Basi ni ya bure?"

"Nani amesema? Hapa hamira tumeilisha sukari, tumeiweka kwa joto poa. Ilaze njaa. Ichome na jua. Hapo ndio utajua ilikuwa inafanya nini."

Fundi akadakia, "Ai, leo kameongea! Daktari, andika hiyo kwa ripoti!"

Baadaye walihamia maabara kubwa yenye mashine ya kuosha. Nilirudisha koti, nikaambiwa asante. Sasa nabeba mitungi ya maji huku Kianda, mtaa jirani na kwetu, na jioni mabega yanauma hata kalamu naishika kwa shida.

Mama bado huuliza lile swali, siku hizi bila kucheka. Ndiyo maana nawaomba: kama kati yenu mnaosoma kuna anayefanya kazi pale walipohamia, aniandikie. Aniambie kama visahani vinaota ukungu. Na kama kila kitu kinaenda sawa, aniandikie pia, lakini angoje kwanza siku stima zitakapopotea na ile mashine ya kuosha kusimama.