Semina ya Miezi Tisa

Wiki jana nilikaa mahakamani Embu, hasira imenifika kooni. Mama mmoja wa Kiritiri alikuwa ameshinda kesi ya shamba dhidi ya idara ya serikali. Idara ilikuwa na siku thelathini za kukata rufaa. Ilikuja baada ya miezi tisa, kuomba iongezewe muda.

"Mheshimiwa, faili ilikuwa inangoja sahihi ya mkubwa," wakili wa idara akasema, akijifuta jasho.

"Mkubwa alikuwa wapi?" jaji akauliza.

"Semina, Mheshimiwa."

"Hiyo si semina, hiyo ni mimba," mzee aliyekaa kando yangu akanong'ona.

Jaji akamgeukia mama. "Na wewe, una la kusema?"

Mama akasimama, akakaza leso kiunoni. "Mheshimiwa, kila jioni nilitia punje moja ya ndengu kwenye kikombe. Zilipofika thelathini, nikangoja mpaka asubuhi, sikuona mtu. Nikazipanda."

Jaji alicheka kwanza, kisha akalikataa ombi.

Mimi sheria nimejisomea tu magazetini, lakini kaunta za serikali zimenifukuza mara nyingi kwa kuchelewa dakika tano. Siku hiyo nilipiga makofi mpaka askari akanikodolea macho.

Nje nikamuuliza mama kama hatunywi hata chai ya ushindi.

"Kunywa wewe, mwanangu. Mimi nakimbia, shamba langu lina magugu."

Hilo "langu" alilitamka kwa sauti iliyofika barabarani.