Beseni la Bi Mwanarusi

Ukitaka kumuudhi Bi Mwanarusi wa Likoni, mwambie kazi yake ni kusugua watu miguu. Atakutazama kutoka utosini hadi kidoleni, kisha akuulize, "Na wewe ulipoolewa ulisuguliwa na nani? Maana sioni dalili." Yeye ni somo. Amewatia ndani maharusi kwa miaka arubaini, Likoni, Changamwe na Kisauni, na katika zile siku saba biharusi ni wake. Hula anachopewa, hulala akiambiwa, na mlangoni hapiti mpaka siku yake ifike. Mama mzazi mwenyewe akitaka kuingia hupiga hodi.

Liwa, asumini na singo ya kusugulia mwili kila somo anavyo. Bi Mwanarusi ana jiwe. Au tuseme alikuwa nalo. Jiwe la kijivu, kubwa kama ngumi, lenye vitundu kama mkate wa kumimina, jepesi hata ukilitia majini halizami. Kabla hajamgusa biharusi, alikuwa akijaza maji kwenye beseni lake la bati mpaka kwenye mstari wa buluu uliozunguka kwa ndani, akaliweka jiwe juu ya maji na kusema Bismillahi. Likielea, kazi imeanza. Na halikuwahi kumwaibisha.

Aliletewa na marehemu mumewe, Mwinyihaji, aliyekuwa mtu wa injini kwenye meli za watalii. Wanaume wengine walirudi na saa na manukato, huyu akarudi na jiwe! Bi Mwanarusi alinuna siku mbili. Siku ya tatu akakubali kusikiliza.

"Kisiwa chenyewe chaitwa Santorini, Mwana, huko bahari ya Wagiriki," Mwinyihaji alimwambia. "Meli ikiingia pale haitii nanga, maana nanga haifiki chini. Sisi wa injini twaishikilia kwa injini kutwa nzima. Nikamuuliza mpishi wetu, mzaliwa wa pale, hii ni bahari gani isiyo na sakafu? Akacheka. Akanambia, hapa ulipo, Haji, palikuwa na mlima."

Miaka elfu tatu na mia sita iliyopita, mlima ule ulipasuka. Ulitapika moto na majivu mpaka mchana ukawa kiza, ukajimaliza tumbo lote, kisha ukadidimia na bahari ikaingia mahali pake. Mji mzima wenye maghorofa na kuta za michoro ulizikwa na majivu.

"Sasa sikiza vizuri. Wamekuja watu juzi juzi wakauchimba mji ule. Wamekuta mitungi ya chakula. Wamekuta vitanda. Mtu hawakukuta hata mmoja."

"Walikwenda wapi?"

"Walitoka. Ardhi ilitikisika kwanza, kuta zikapasuka, wakaelewa. Walifika wapi, Mungu ndiye ajuaye. Lakini majumbani mwao hawakufia."

Hapo ndipo Bi Mwanarusi alipopapenda kuliko moto wote. Na kila Mwinyihaji alipoisimulia habari ile, mkewe alimuuliza swali lile lile: "Hebu fikiri, Haji, yule wa kwanza kusema tutoke. Alichekwa vipi?" Mwinyihaji alikufa hajapata jibu.

Sasa tuje Magongo. Mwaka jana, mwezi wa Mfunguo Mosi, Bi Mwanarusi aliitwa kumtia ndani Samiha binti Nasreen. Walikaa ghorofa ya tatu, katika nyumba ya ghorofa tano ambayo mwenye nyumba, kwa tamaa zake, alikuwa akiiongezea ya sita. Kutwa mchanga na kokoto zilipanda juu. Siku ya kwanza Bi Mwanarusi alijaza beseni, maji yakakaa kwenye mstari wa buluu pande zote, jiwe likaelea, kazi ikaanza.

Siku ya tatu maji yalikuwa yameupita mstari kwa upana wa kidole, upande wa dirishani. Alilaumu macho yake. Akaligeuza beseni, akalihamishia pembeni, akalirudisha. Kila alipoliweka, maji yaliinamia dirishani. Siku ya tano yaliinama vidole viwili, na juu ya mlango palikuwa na ufa ambao siku ya kwanza haukuwepo.

"Ni plasta tu, somo," alisema Nasreen, ambaye kichwa chake kilikuwa kwenye pilau na wageni. Katana, kijana wa Kaloleni aliyekaa ghorofa ya chini na kuitunza nyumba, alisema hivyo hivyo. Alikwishampigia mwenye nyumba, na mwenye nyumba akasema fundi atakuja Jumatatu.

Siku ya sita, baada ya adhuhuri, Bi Mwanarusi alikuwa amemaliza mguu wa kulia wa Samiha. Alipogeuka kuchovya jiwe, aliona maji yanachuruzika nje ya beseni upande wa dirishani, na hakuna aliyeligusa. Ukutani pakalia kama kuni inayovunjwa. Wallahi aliogopa. Akamkumbuka Haji wake.

"Samiha."

"Abee, somo."

"Simama tutoke."

"Mguu mmoja bado, somo. Na nina singo mwili mzima!"

"Simama, nimesema."

Nasreen alipoona mwanawe yuko sebuleni na singo usoni, alipiga yowe kama aliyefiwa. Biharusi hatoki nje kabla ya siku yake. Akitoka ni nuksi, na somo aliyemtoa haitwi tena na mtu. Bi Mwanarusi aliyajua hayo kuliko yeyote, maana ndiye aliyewafundisha wengine. Jina la miaka arubaini lilikuwa mkononi mwake pale, na kama nyumba ingebaki imesimama, basi limekwisha.

"Watu watasema nini, somo?" Nasreen alilia.

"Watasema. Wenye pumzi ndio husema."

Lakini nyumba ilikuwa na kaya ishirini na mbili. Alipanda akagonga milango. Wengine hawakufungua. Ghorofa ya nne alifungua Lavender, mama wa watoto watatu, mwiko mkononi. Alimsikiliza mpaka mwisho, kisha akaangua kicheko.

"Shosho, kwani ni beseni imekuambia nyumba inaanguka?"

Bi Mwanarusi, ambaye hajawahi kusamehe mtu kumwita shosho, yaani ajuza, siku ile alisamehe. Alishuka ngazi anafikiri. Kwa kuwaogopesha hawatatoka, hilo alilielewa. Watu wa Magongo watatoka kwa kitu kimoja tu, nacho alikuwa nacho.

Alimfunika Samiha kanga mbili, akamshika mkono, akafika kwenye ngazi, akapiga kigelegele ambacho nyumba ile haijakisikia. Kisha kingine. Milango ikafunguka. "Biharusi katoka! Na singo yake! Siku haijafika!" Umbea, jamani! Yule aliyekuwa akipika aliacha jiko, yule aliyekuwa akioga alitoka na povu sikioni. Lavender alishuka na watoto wote watatu ili asihadithiwe. Mafundi wa juu nao wakashuka. Wote wakajaa barabarani, simu juu, wakimpiga picha bibi wa miaka sitini na saba aliyerukwa na akili.

Hapo sasa ikabidi awashike wasirudi. Bi Mwanarusi, ambaye barabarani hata kutafuna hatafuni, alichukua kifuniko cha sufuria na kijiti akaanza kuimba vugo, nyimbo za harusini. "Tokani mumuone, tokani mumuone!" Aliimba nyimbo zote alizozijua, na zilipokwisha akatunga. Watu walicheka mpaka wakakaa chini. Samiha alilia chini ya kanga. Nasreen aligeuza uso asione. Bi Mwanarusi naye alitamani ardhi immeze, na aliendelea kuimba.

Adhana ya alasiri ilipolia, sauti ilikuwa imemkauka na watu walianza kuchoka. Katana ndiye aliyeingia wa kwanza, amechukua funguo. Mlango wake, alioufunga kwa urahisi saa moja tu nyuma, ulikataa kufunguka. Aliusukuma kwa bega. Akatazama nguzo iliyokuwa kando yake, akaona imepasuka na chuma chaonekana ndani. Alitoka mbio, rangi imemtoka, akasimama langoni na mikono ameitanua.

"Haingii mtu! Bibi asema kweli."

Usiku ule walilala kwa jamaa, madrasani na kanisani. Kesho yake saa tatu asubuhi, nyumba ilianguka yote.

Ilichimbwa siku tatu, kwa kuwa serikali haikuamini hesabu ya Katana kwamba wote walikuwa wametoka. Siku ya tatu Katana alimpigia Bi Mwanarusi simu Likoni.

"Shikamoo, bibi. Wamemaliza. Wamekuta masufuria, vitanda na cherehani. Mtu hawakukuta hata mmoja."

Bi Mwanarusi alikaa chini pale pale akalia, akimwita Haji kwa jina. Katana alimuuliza kama kuna kitu chake atafutiwe. Jiwe lilikuwa mle ndani, na alilitaka, tena sana. Akasema hapana, watu wametoka, yatosha.

Harusi ilifanyika wiki moja baadaye, kwa shangazi, huko Likoni. Nasreen alinunua jiwe jipya dukani ili mguu wa pili umaliziwe, lakini Samiha aliukunja mguu wake. "Uache ulivyo, somo." Basi siku ya kupamba alikalishwa mbele ya wanawake na hina yake, mguu wa kulia laini kama wa mtoto, wa kushoto na magaga yake.

Mgeni mmoja wa mbali aliona, akamnong'oneza jirani yake, "Ni somo gani huyu, kazi ameimaliza nusu?"

Jirani mwenyewe alikuwa Lavender, amefunga kanga ya kuazima, mtoto wake mdogo mapajani.

"Ni yule wa kwanza kusema tutoke," alisema. "Na mimi ndiye nilimcheka."

Bi Mwanarusi alisikia. Akainama, akautengeneza mkufu wa biharusi uliokuwa umekaa sawa.