Tope la Karasha

Mwaka wangu wa kwanza wa kuosha mashine mtaani Nyahanga nilijiona bingwa. Nilikuwa nimetoka Shinyanga mjini, ambako niliosha mabasi kwa mashine ya presha, na niliamini hakuna uchafu wa kunishinda. Hasira ninazo kidogo, majivuno ninayo mengi.

Asubuhi moja mama mmoja wa makamo aliniletea karasha yake kutoka Nyarugusu, ile mashine ya kusagia mawe ya dhahabu. Ilikuwa imepasuka ubavuni, na fundi wa kuchomelea alikataa kuigusa ikiwa na tope. Akaniachia, akaenda kununua mchele. Nikawasha presha. Tope lililoganda likawa linabanduka mapande mapande, chuma kinang'aa, maji mekundu yanakimbilia mtaroni, nami napiga mluzi.

Aliporudi nikamwamkia, lakini marahaba sikuipata. Alikuwa anautazama mtaro. Akauliza turubai liko wapi. Nikauliza, la nini? Ndipo akanieleza, polepole, kwamba karasha huoshewa juu ya turubai, maana dhahabu ya miezi mizima hujificha kwenye tope lile, na tope ni la mwenye karasha. Kila mtu huku anajua. Niliona aibu mpaka masikio yakapata moto.

Nikakimbia kuuziba mtaro kwa magunia. Tukachota tope hadi adhuhuri, yeye kitenge amekikunja magotini. Majirani walikuja kusaidia kwa bidii ambayo sijaiona tena mtaani kwetu. Mama akawafukuza wote. Kisha akaliosha tope kwenye karai, akilizungusha taratibu, na mwisho ikabaki dhahabu kidogo mno, kama punje mbili za uwele. Nikainamisha kichwa nikingoja matusi.

"Nyingi imekwenda," alisema. "Ila aliyenioshea kabla yako alitandika turubai vizuri sana, akaniibia. Wewe umemwaga mbele ya watu. Karasha yangu ya pili nitakuletea wewe."

Akaileta kweli, na mpaka leo ni mteja wangu, nami kazi yake naipenda kuliko zote. Turubai ninalo, tena zito. Akifika tu anaomba kigoda, anakaa hatua mbili kutoka nilipo, na hanyanyuki mpaka nizime mashine, kwa kuwa sasa najua tope lina nini.