Siku Nilipompelekea Mzee Mzima Sanduku la Maiti

Jambo hili silipendi hata kulikumbuka, lakini kwa kuwa mnaniita Ingénieur kwa heshima zote, afadhali mjue ni Ingénieur wa namna gani. Mimi ndiye niliyesimamia kazi ya kuzipa avenue za Lubumbashi vibao vya majina na nyumba zake nimero, na kazi hiyo ilinivimbisha kichwa kidogo (sana, bibi yangu, yaani mke wangu, angesema).

Basi alifariki baba mdogo wa bibi yangu, mzee wa reli aliyehamia upande wa njia ya Kasapa, nyumba ambayo sikuwahi kuifikia. Bibi yangu alikuwa huko kwenye kilio, mimi na shangazi yake, Tantine Régine, tukatumwa kuitoa maiti morgue ya hospitali tuilete nyumbani, mjane aiage kabla ya mazishi. Ndani ya gari Tantine akaniambia, "Mukwe, pigia bale ba kule simu, batuambie ni karibu na nini." Nikamjibu, "Tantine, adresi iko. Avenue na nimero 46 vinatosha."

Sasa, avenue ile inakatwa na kijito, kila upande ni commune yake, yaani manispaa yake, na nimero zinaanza upya (niliyeamua zianze upya ni mimi), kwa hiyo 46 ziko mbili, na mimi kwa kiburi changu nikasahau kabisa. Tukafika 46 ya kwanza, nikaona viti vimejaa lupango, yaani uani, wanawake wanaimba nyimbo za kanisa, nikasema ndiyo hapa, tukaliingiza sanduku tukaliweka katikati yao, nami nikavua kofia nikaanza kulia kama mkwe inavyompasa.

Nyimbo zikakatika. Kumbe lilikuwa kundi la sala, limekuja kumuombea mzee wa nyumba ile, aliyekuwa mgonjwa. Mkewe akatazama sanduku, akatazama mlango, akakimbia ndani akipiga yowe, binti zake wakaanguka chini wakilia, na mimi (Mungu anisamehe) nikadhani huyo ndiye mjane, nikamfuata kumfariji. Nikamkuta mzee amekaa kitandani, anakunywa uji.

"Kuko nini inje?" akaniuliza.

Akajikokota mpaka mlangoni, akaliona sanduku. "Mutoto wangu," akasema polepole, "hata docteur hajasema vile."

Nilipiga magoti vumbini mbele ya watu wote. Kilichoniumiza zaidi ni wema wake: aliuliza jina la marehemu, akasema muntu akiisha kuingia kwako haumufukuze bila sala, akamuombea huku ameshika ukuta. Tantine hakuniangalia tena.

Ng'ambo ya kijito tulimkuta mjane amesimama barabarani, juani. Alisema tu, "Mukwe, bwana yangu alikuwa wapi?" Saa ya makaburi ilikuwa imekwisha kufika, akamuaga mumewe haraka haraka, kama mtu anayefukuzwa, na kosa lilikuwa langu.

Tangu siku hiyo nikialikwa mahali napiga simu kwanza, naulizia kanisa, naulizia kinu cha unga, naulizia hata ukuta wa rangi gani, wala sioni haya. Yule mzee alipona, nashukuru. Huwa naenda kumsalimia, na kila mara, kabla ya kunipa kiti, anachungulia nyuma yangu aone kama nimekuja na gari.