Mjomba Alipotetemeka Orpul

Kondoo dume wa baba alikuwa na kiburi. Siku moja, mimi bado mdogo, baba alimpeleka mjini Arusha kumuuza, na Mhindi mmoja mwenye duka la nguo alikuwa ameweka kioo kirefu mlangoni ili wateja wajitazame. Kondoo akapita, akaona dume mwenzake anamkodolea macho. Akarudi nyuma, akainamisha kichwa. Vipande vya kioo vilitapakaa mpaka barabarani. Baba akajua sasa ni polisi, kumbe yule Mhindi anacheka mpaka anashika ukuta. "Mzee," akamwambia baba, "huyu wako amepigana na nani?"

Baba hakucheka. Alibeba aibu yake mpaka mnadani, akambadilisha yule kondoo pamoja na majike wawili kwa ndama mwekundu, amekonda, ambaye hakuna aliyemtaka. Ndama akakua, akahasiwa, akawa maksai mnene kuliko wote wa boma letu. Huyo maksai ndiye tuliyemchinja kwa ajili ya mjomba, na habari ninayotaka kueleza ni ya mjomba, siyo ya kondoo.

Mjomba, mdogo wake mama, alikwenda keya, jeshi la Waingereza, wakati wa vita, wakampeleka Burma. Alirudi na koti zito, buti na kiu. Kwake palipakana na uwanja wa mama mmoja aliyekuwa akikeneka pombe kali kwa siri. Koti likaenda, buti zikaenda, mkewe akachukua watoto akarudi kwao. Alipoanza kutapika damu, wazee walikaa wakasema apelekwe orpul, ama tuanze kuchagua mahali pa kumzika.

Kwa asiyejua, orpul ni kambi ya nyama msituni. Wanaume wanapanda mlima na ng'ombe mmoja, wanakaa huko mpaka nyama iishe. Pombe haiendi, ugomvi hauendi. Mgonjwa anakula nyama na mafuta, anakunywa supu ya magome na mizizi, analala. Mimi sikupita darasa la pili, lakini nimelazwa hospitali na nimelazwa orpul, najua tofauti. Hospitali walinipa dawa, nawashukuru. Orpul mtu hanyamazi peke yake.

Basi tulipanda juu ya Oldonyo Sambu, mimi nikawa wa chungu. Nilichemsha magome ya mti wa olkiloriti mpaka supu ikawa nyekundu. Supu hiyo inachemsha damu. Kijana akiinywa sawasawa anatetemeka, ananguruma, wenzake wanamshika, na kutetemeka huko ni sifa.

Siku ya pili mjomba akaanza kutetemeka. Mikono kwanza, halafu taya.

"Imemshika," akasema mzee wetu wa moto, ambaye ndiye aliyesimamia kambi. "Mwongezee."

Nikamwongezea. Akatetemeka zaidi, jasho likamtoka, akaanza kuwaona watu juu ya miti na kuwatolea amri za kijeshi. Sisi tukamsifu. Mmoja wetu hata alimwimbia. Kesho yake nikamletea kibuyu kingine, akakiziba mdomo kwa kiganja.

"Mpwa wangu, unanipa hii ya nini?"

"Ya nguvu, mjomba. Si unaona ilivyokushika?"

"Haijanishika. Kutetemeka nimekuja nako. Nikikosa pombe asubuhi ndivyo ninavyokuwa."

Mzee wa moto akakaa chini. "Sasa mbona hukusema?"

"Mlikuwa mnanisifu, baba. Ni muda mrefu sijasifiwa."

Tukacheka, naye akacheka, meno yakigongana. Lakini ile supu nyekundu niliimwaga palepale. Muulize mgonjwa kwanza, hata kama unajua. Hasa kama unajua.

Tangu hapo nilimpikia supu ya mifupa mitupu, kidogo kidogo, na maji yenye asali. Tulilala naye katikati, ngozi juu yake, na hakuna aliyemwacha aende kichakani peke yake. Mikono ilipotulia tulimpa kazi ya kupasua kuni, maana mikono isiyo na kazi inajitafutia. Alipotaka kusema ya Burma tulimwacha aseme. Kuna mtu akisimuliwa ya vita anajibu kwa habari ya ng'ombe wake aliyevunjika mguu. Huyo mpeleke akateke maji.

Macho yake yakawa meupe tena. Akala, akalala. Ndipo jioni moja akauliza, "Nyama ikiisha mnanirudisha wapi?"

"Kwako," akasema mzee wa moto.

"Kwangu harufu inapita kwenye uzio, baba. Nitaweza mwezi. Halafu nitakunywa, na safari hii hamtapata wa kumleta."

"Ardhi ya baba yako huwezi kuiacha."

Mjomba akaendelea kula. Mimi nilikuwa upande wake, na leo bado niko upande wake. Watu wanapenda kusema mwanamume akae na chungu cha pombe na asinywe. Ya nini? Hama. Badilisha njia, badilisha marafiki, wacha wakuite mwoga. Miaka kadhaa baadaye salamu zilitufikia kupitia wachuuzi wa ng'ombe: analima upande wa Mbulu, mkewe amemfuata, harusini anakunywa maziwa. Wanaosema alipoteza shamba hawakumwona akitapika.

Nyama iliisha, tukashuka. Wenzake wa zamani walikuwa wamekaa uwanjani kwa yule mama, vikombe mkononi.

"Keya, umenona," mmoja akasema. "Tukuchinje?"

"Umekula ng'ombe mzima," akasema mwingine, "sasa njoo ushushie."

Mjomba akawasalimu mmoja mmoja, akauliza habari za watoto wao. Hakuwa na haraka. Akafika kwenye lango lake, mzee wa moto akamshika bega.

"Umefika kwako."

"Naona, baba. Ahsanteni sana, wote."

Akalipita lango bila kuingia. Akashuka kule chini njia inakokwenda kukutana na barabara ya magari. Tukadhani anakwenda kujisaidia, tukamngoja pale langoni, wale wa vikombe nao wakimngoja upande wao. Hakurudi.